SOMO KWA REDIO: NGOZI ILIYOPIGWA LEZA, NA SIKU YA KURUDIA DAWA ZA KUPAKA

  Natumaini kila darasa limekwisha kukaa, na kiongozi wa kikundi ana chaki mkononi. Basi andikeni ubaoni neno moja: LEZA. Chini yake andikeni neno la pili: KRIMU. Leo tutazungumza juu ya maneno haya mawili, na juu ya siku zinazopita baina yao.

Huenda mzee mmoja huko nyuma anauliza, "Sisi ni wakulima wa mpunga, leza inatuhusu nini?" Swali lake ni la haki. Mashine za leza za kutengeneza ngozi haziko hapa kijijini. Lakini watu husafiri. Mpunga ukiuzwa vizuri, mtu hupanda basi kwenda Dar es Salaam, na huko ziko zahanati zinazotoa nywele za kidevu, kusawazisha makovu au kupunguza madoa kwa mwanga. Wako na vijana wanaosumbuliwa na vipele vya ndevu kila wanyoapo. Mtu hulipa fedha nyingi, hurudi nyumbani, na siku ya pili hushika kopo lake la zamani la krimu. Hapo ndipo hasara inapoingia. Tena, mtasikia baadaye kwamba maneno ya leo yanamfaa pia mtu ambaye hajaiona leza maishani mwake, lakini uso wake umeungua kwa mkorogo.

Kwanza, leza ni nini? Ni mwanga. Mashine ya kwanza ya namna hii iliwashwa Marekani mwaka 1960 na mtaalamu aitwaye Theodore Maiman. Mwanga wa taa ya kawaida husambaa kila upande, lakini mwanga wa leza ni wa rangi moja na huenda pamoja. Ninyi wa Mbarali mtafahamu upesi. Maji yaliyotandaa katika jaruba hulowesha udongo polepole, wala hayachimbi. Maji hayo hayo yakipitishwa katika mlango mwembamba wa mfereji huchimba shimo. Ndivyo mwanga unavyokuwa ukikusanywa.

Mwanga huo ukiingia katika ngozi hutafuta kitu cheusi, hukipasha moto, na kukiunguza. Katika kutoa nywele, kitu hicho ni rangi iliyo katika mzizi wa unywele. Lakini, ndugu zangu, sisi ngozi yetu yenyewe ina rangi. Rangi hiyo huitwa melanini, nayo ni rafiki yetu, kwa maana hutukinga na jua. Mashine ikichaguliwa vibaya, mwanga hauufikii mzizi. Huishia juu na kuichoma ngozi. Kwa sababu hiyo wataalamu hutumia kwa ngozi nyeusi mwanga wa wimbi refu zaidi, wa nanomita 1064, ambao hupita chini bila kushikwa sana na rangi ya juu. Mwenye kwenda huko aulize kabla ya kulipa: mashine hii ni ya wimbi gani, na je, umekwisha kutibu watu wenye ngozi kama yangu? Asiyeweza kujibu mwacheni na mashine yake.

Sasa tuitazame ngozi. Ngozi ya juu kabisa ni nyembamba, lakini kazi yake ni kubwa. Mimi huifananisha na tuta la jaruba. Tuta huzuia maji yasitoke, na huzuia vitu vya nje visiingie. Likibomoka mahali padogo tu, jaruba zima lina shida. Leza hulitikisa tuta hilo. Ziko leza ambazo haziondoi ngozi ya juu: huacha wekundu, uvimbe kidogo na joto, na kwa kawaida mambo hayo hutulia baada ya siku chache. Ziko nyingine ambazo huiparua ngozi ya juu kwa makusudi, ili ngozi mpya iote mahali penye kovu. Hizo huacha kidonda hasa. Ngozi mpya huchukua kama wiki moja au mbili kufunika, na wekundu waweza kudumu wiki nyingi, hata miezi.

Nani kati yenu angetembea juu ya tuta alilolijenga asubuhi hiyo, udongo ukiwa bado mbichi? Hakuna. Basi na uso ni hivyo hivyo.

Dawa za kupaka zilizo kali ni zipi? Iko jamii ya dawa zitokanazo na vitamini A, ziitwazo retinoidi. Iliyo maarufu zaidi ni tretinoini. Hizo huharakisha ngozi kujibadilisha, na hutumika kwa chunusi na madoa. (Mama mwenye mimba asizitumie kabisa, leza au hakuna leza.) Ziko asidi, kama vile ya glaikoliki na ya salisiliki, ambazo hulegeza ngozi iliyokufa ili itoke. Iko benzoili peroksidi ya chunusi. Iko vitamini C ya kupaka, ambayo nayo ni asidi. Katika ngozi nzima, na kwa kipimo, dawa hizi zina faida, wala sitaki mtu aondoke hapa akisema Afisa Elimu amezipiga marufuku. Lakini katika tuta lililobomoka huingia kwa wingi kuliko ilivyokusudiwa. Ngozi huwaka. Na ngozi nyeusi ikiwaka hujibu kwa kumwaga rangi. Mtu aliyekwenda kufuta doa moja hurudi na madoa kumi, na madoa ya namna hiyo huchukua miezi kufifia.

Siku za kwanza uso unahitaji vitu vichache mno. Osha kwa maji ya uvuguvugu na sabuni isiyo kali, kwa vidole, si kwa dodoki. Kausha kwa kugusagusa na kitambaa safi. Paka mafuta ya mgando yasiyo na manukato, au mafuta uliyopewa na daktari. Kigaga kikitokea kiache kianguke chenyewe. Ukikibandua umejiandikia kovu. Usipake ndimu. Najua wako wanaoisifu ndimu kwa kung'arisha uso, lakini maji ya ndimu yakikutana na jua juu ya ngozi huichoma hata ngozi isiyo na ugonjwa. Dawa ya meno nayo ni ya meno.

Sasa, lini kurudia? Aliyepigwa leza isiyoparua, kama ile ya kutoa nywele, husubiri mpaka wekundu na joto viishe kabisa, na wataalamu wengi humwambia akae yapata wiki moja. Aliyeparuliwa husubiri mpaka ngozi ifunike pote, tena mara nyingi wiki nne au zaidi, na asianze mpaka aliyemtibu amemtazama kwa macho. Zahanati nyingi zitakuambia pia uziache retinoidi siku kadhaa kabla ya leza. Maagizo uliyopewa wewe binafsi yashike kuliko maneno ya redio, kwa sababu daktari ameuona uso wako, nami sijauona. Kama mmetofautiana hesabu, chukueni iliyo ndefu. Aliyezidisha siku hakupoteza kitu.

Viongozi wa vikundi, andikeni hesabu hii ubaoni. Tuseme dada mmoja alipigwa leza isiyoparua tarehe 3 Juni. Wekundu uliisha tarehe 7. Yeye ni mwangalifu, akaongeza siku 7 baada ya wekundu kuisha. 7 na 7 ni ngapi? Ni 14. Basi tarehe 14, usiku, alipaka dawa yake kidogo chini ya taya tu, mahali pasipoonekana, akangoja siku mbili. Hapakuwasha, hapakuwa pekundu. Usiku wa tarehe 16 akaosha uso, akaukausha barabara, akapaka mafuta laini kwanza, kisha dawa kiasi cha punje moja ya njegere kwa uso mzima. Siyo punje moja kwa kila shavu! Baada ya hapo akapaka kila usiku wa tatu: tarehe 19, tarehe 22, tarehe 25. Endeleeni wenyewe mpaka mwisho wa mwezi. Baada ya wiki mbili bila kuwashwa, akapaka usiku mmoja na kupumzika usiku mmoja. Dawa ya pili hakuigusa mpaka ya kwanza imezoeleka, kwa sababu ukianza mbili pamoja na uso ukawaka, hutajua mkosaji ni yupi.

Je, dawa ikichoma kidogo siku ya kwanza? Kuchonyota kwa dakika chache si ajabu. Kuchoma kunakoendelea, au ngozi kubabuka, ni ishara ya kuosha na kurudi kwenye mafuta ya mgando mpaka itulie, kisha kuanza hesabu upya.

Nimefika kwenye mkorogo, na hapa nitasimama kidogo, kwa maana ndio ulio karibu nasi zaidi. Kila soko lina mtu anayejua kuchanganya. Ndani ya makopo mengi ya kujichubua mna vitu vitatu. Cha kwanza ni haidrokwinoni, ambayo huzuia ngozi isitengeneze rangi; ikitumiwa kwa muda mrefu yaweza kuigeuza ngozi ikawa nyeusi ya majivu, na doa hilo ni gumu kuliondoa. Cha pili ni zebaki, ambayo huingia mwilini na kuharibu figo. Cha tatu ni steroidi kali, kama klobetasoli, ambayo huifanya ngozi kuwa nyembamba kama karatasi ya sigara. Tanzania imekataza vipodozi vyenye vitu hivi, na tangu mwaka 2019 kazi ya kuvisimamia vipodozi iko chini ya Shirika la Viwango, TBS. Na juu ya zebaki, mataifa yalitia sahihi Mkataba wa Minamata mwaka 2013, ulioitwa kwa jina la mji wa Japani ambako watu waliangamia kwa sumu hiyo.

Mtu anayetumia mkorogo asiende kupigwa leza kabla ya kusema. Najua ni aibu kusema. Lakini ngozi iliyokonda kwa steroidi hupona vibaya, na daktari asiyejua hawezi kujikinga wala kukukinga. Aliyepigwa leza asirudie mkorogo kamwe, hata baada ya mwaka. Na aliyekwisha kuungua kwa mkorogo wenyewe afuate njia ile ile tuliyoieleza: maji, sabuni isiyo kali, mafuta ya mgando, kivuli. Ila aliyetumia steroidi miezi mingi asikae nyumbani akijitibu. Akiiacha ghafula, uso waweza kufura na kuwaka kuliko mwanzo. Naye akidhani krimu ndiyo iliyokuwa ikimponya, huirudia. Huo ndio mtego wake. Aende hospitali, aonyeshe kopo.

Neno juu ya jua. Hapa tuko kwenye bonde, lakini bonde letu la Usangu liko juu ya usawa wa bahari kwa kiasi cha mita 1000, na kadiri unavyopanda ndivyo miale ya jua inavyozidi ukali. Usidanganywe na upepo baridi wa Juni. Nayo maji ya majaruba hurudisha sehemu ya mwanga, hata mwenye kofia hupigwa kutoka chini. Kwa hiyo mwenye ngozi mpya asijipangie leza wakati wa kupandikiza mpunga. Achague miezi ambayo anaweza kukaa kivulini tangu saa 4 asubuhi hata saa 10 jioni. Kofia pana na kanga kichwani ni dawa isiyo na gharama. Losheni ya jua ipakwe ngozi ikiisha kufunika. Tazama herufi SPF na namba 30 au zaidi, na urudie kila saa mbili ukiwa nje. Wako wasemao losheni hiyo ni ya Wazungu. Si kweli. Kule Moshi, katika hospitali ya KCMC, hutengenezwa losheni ya jua iitwayo Kilisun kwa ajili ya ndugu zetu wenye ualbino, nayo imewaokoa wengi na saratani.

Mambo ya kumpeleka mtu hospitali upesi ni haya: malengelenge makubwa, usaha, homa, maumivu yanayozidi badala ya kupungua, vidonda vidogo vidogo vilivyokusanyika kandokando ya midomo. Asingoje siku ya gulio. Aanzie hospitali ya wilaya, na ikilazimu apelekwe Hospitali ya Rufaa ya Kanda ya Mbeya. Mwenye kawaida ya kupata makovu yanayovimba na kukua aseme hivyo kabla ya leza, siyo baada.

Sasa kazi ya nyumbani. Kabla ya somo lijalo, kila mmoja wenu achukue kopo moja la krimu lililo nyumbani kwake na alisome. Maandishi ni madogo, na maneno mengi ni ya kigeni, lakini herufi ni zile zile mlizojifunza. Tafuteni neno linaloanza kwa H-Y-D-R-O-Q. Tafuteni linaloanza kwa M-E-R-C, na linaloanza kwa C-L-O-B. Tafuteni pia T-R-E-T, ambalo si la kutupwa bali la kuulizia kwa daktari. Kama kopo halina maandishi ya vitu vilivyomo, andikeni hivyo daftarini: "Halina." Leteni makopo darasani, na kiongozi ayapange mezani kwa mafungu. Kwa herini, mpaka Jumanne, saa ile ile.