Fishi Yako ni Siri Yako

Mama mpenzi, kama bwana wako alikuwa askari, ao wewe mwenyewe ulitumika jeshini, nani asome fishi yenu ya ugonjwa? Matokeo ya damu kwa ajili ya SIDA si habari ya soko la Salamabila: sheria ya inchi yetu ya mwaka 2008 inalinda siri hiyo.

Huko Marekani, tangu Januari 2020, hospitali za askari wa zamani zinapeleka fishi kwa waganga wa inje kwa njia ya kompyuta. Asiyependa anaandika karatasi ya kukataa. Ni haki yake. Lakini akianguka mbali, muganga wa kule anaweza kukosa kujua dawa anazokunywa.

Basi mama, fishi uifiche kwa majirani, usiifiche kwa muzalishaji. Siku ya uchungu, uje nayo mukononi.