Mlima wa Moto wa Ngazija

Wasikilizaji wa Ifakara na bonde la Kilombero, ninyi mwaujua mto ufurikao. Leo nawaletea habari za mlima utoao moto.

Katika Bahari ya Hindi, kati ya Msumbiji na Madagaska, kipo kisiwa cha Ngazija, na juu yake mlima Karthala, wenye kimo cha mita 2,361. Mwaka 1977 mawe yaliyoyeyuka yalitoka ubavuni mwake, yakaangamiza kijiji cha Singani. Mwaka 2005 mlima ulitapika majivu. Ngazija haina mito ya kudumu. Watu wengi hunywa maji ya mvua yaliyokingwa katika mabirika ya saruji. Majivu yakaingia humo, na maelfu ya watu wakakosa maji safi.

Je, mlima hautoi dalili? Hutoa. Mawe yaliyoyeyuka yapandapo, hupasua miamba, na ardhi hutetemeka kidogo sana, hata mtu asihisi. Kwa hiyo wataalamu wameweka vyombo viandikavyo kila mtetemeko, usiku na mchana. Mitetemeko izidipo, wakuu huarifiwa ili watu waonywe.

Nanyi huutazama mto wakati wa masika, mpate kuhama kabla maji hayajafika. Elimu ya mlima ni hiyo hiyo: haizuii moto, bali huwapa watu nafasi ya kujiokoa.