Chakula cha Liwali

Mwenye Biblia na afungue pamoja nasi Kitabu cha Nehemia, mlango wa tano.

Nehemia alikuwa liwali wa Yuda kwa miaka 12. Alipoanza kazi aliwakuta watu wameweka rehani mashamba na mizabibu ili wapate nafaka, na wengine wamewatoa watoto wao utumwani. Maliwali waliomtangulia walikuwa wakitwaa kwa watu chakula, divai na shekeli 40 za fedha, na hata watumishi wao wakijifanya mabwana. (Watumishi wa namna hiyo tunawajua, mara nyingine mkubwa mwenyewe ni mpole, ila karani wake ndiye hafikiki.) Nehemia hakula chakula hicho. Tuangalie vizuri: chakula kile hakikuwa cha wizi. Kilikuwa posho ya cheo chake, na hakuna ambaye angemshtaki. Alikiacha kwa sababu alimcha Mungu, na kwa sababu aliona mzigo wa watu ni mzito.

Sasa tuje nyumbani. Hapa Gusii wazee wakizungumza juu ya utawala, hawakawii kumtaja Simeon Nyachae, mwana wa Chifu Mkuu Musa Nyandusi. Alizaliwa mwaka 1932, akafariki tarehe 1 Februari 2021. Hakuwa wa dhehebu letu, lakini kazi yake ilitugusa sote. Alikuwa Mkuu wa Mkoa wa Rift Valley, kisha Mkoa wa Kati, na katika siku zile Mkuu wa Mkoa alikuwa liwali kweli kweli: akipita, barabara ilifagiliwa. Baadaye, akiwa katika Ofisi ya Rais, alikuwa mstari wa mbele katika mpango ulioanza mwaka 1983 wa kuifanya wilaya kuwa kitovu cha maendeleo. Kabla ya hapo, mtu wa Nairobi ndiye aliyeamua daraja lijengwe wapi, hata kama mto wenyewe hajawahi kuuona. Mpango ule haukutimiza yote uliyoahidi, maana mkoba wa fedha ulibaki Nairobi. Lakini wazo halikufa, na kaunti zilizoanza kazi mwaka 2013 zinatembea katika njia ambayo wengine walianza kuifyeka zamani.

Tusimfanye malaika. Alikuwa mkali, na alikuwa tajiri. Tume ya Ndegwa, mwaka 1971, ilikubali watumishi wa serikali wafanye biashara zao huku wakiwa kazini, na wakubwa wengi wakafanya, naye akiwa mmoja wao. Sheria iliruhusu, kama ilivyomruhusu Nehemia. Hapo njia zao zikaachana.

Lakini kuna jambo moja ambalo tungependa vijana walijue. Mwaka 1998 Nyachae alipewa Wizara ya Fedha. Alifungua ghala akakuta nini? Madeni. Akasema hadharani kwamba serikali imekopa mno, na riba inakula fedha za wananchi. Huo ulikuwa mwaka wa mgomo wa walimu. Walikuwa wameahidiwa nyongeza kubwa ya mshahara mwaka 1997, mwaka wa uchaguzi, na sasa serikali ikawaambia fedha hazipo. Walimu wetu waliumia, na hatuwezi kuwalaumu kwa hasira yao. Ahadi ni deni. Ila aliyekosa ni nani: yule aliyeahidi asichokuwa nacho, au yule aliyesema chungu ni kitupu? Mwezi wa Februari 1999 waziri yule akaondolewa Fedha na kupewa wizara nyingine. Akajiuzulu.

Ndugu zetu, ni rahisi kumpigia makofi msema kweli akishazikwa. Akiwa hai anatuudhi. Gavana akituambia hakuna nafasi ya kazi kwa mtoto wetu kwa kuwa mishahara imekwisha kuzidi kiasi, tunamwita mchoyo. Akimwandika mtoto huyo na wengine mia, dawa zikakosekana hospitalini, tunamwita mtu wa watu, na siku ya harambee tunampa kiti cha mbele kanisani bila kuuliza bahasha imetoka wapi. Nehemia alilisha watu 150 mezani pake kila siku, wala hakuwatoza watu gharama hiyo. Swali hilo la bahasha yeye angeweza kulijibu.

Tuombe. Ee Bwana, uwakumbuke magavana wa Kisii na Nyamira, na makarani wao walio mlangoni. Uwape moyo wa kusema fedha ni kiasi gani na zimekwenda wapi. Umkumbuke na mhazini wa kanisa atakayesimama Jumapili hii kusoma hesabu, asiruke mstari hata mmoja. Nasi utupe masikio ya kumsikiliza mpaka mwisho. Kwa Yesu Kristo Bwana wetu. Amina.