Kijitu, Mtu, Jitu: Kivumishi Kilichotoka Lilliput

Tamka nami polepole, msikilizaji, hapo hapo ulipo: mtu. Kijitu. Jitu.

Umeshasafiri, na hukupanda hata chombo. Mtu ni wewe na mimi. Mpachike ki- na ji-, anasinyaa mpaka unaweza kumtia mfukoni. Ng'oa ile ki-, ibaki ji- peke yake, anafumuka mpaka kichwa kinagonga dari. Jonathan Swift, mkuu wa Kanisa Kuu la Mtakatifu Patrick kule Dublin, Ireland, alilazimika kumtuma daktari wake wa meli baharini mara mbili ili apate hicho ambacho sisi tunakipata kwa kubadili kiambishi. Safari ya kwanza ilimtupa Gulliver Lilliput, kwa watu wasiofika sentimita 15. Ya pili ikamtupa Brobdingnag, kwa majitu. Kitabu kilitoka London mwaka 1726, na kutoka kile kisiwa cha kwanza Kiingereza kikajipatia kivumishi ambacho mpaka leo kinatumika: "lilliputian".

Ukiwauliza wanaokitumia maana yake, wengi watakujibu: kidogo sana. Birika la kililiputi, chumba cha kililiputi, gari la kililiputi. Nakiunda hivi kwa sababu Kiswahili kina njia yake ya kugeuza jina la mtu au mahali kuwa sifa, nayo ni njia tuliyoizoea. Tunasema ukatili wa kifirauni. Tunasema ujanja wa kiabunuwasi, ingawa Abunuwasi mwenyewe alikuwa mshairi wa kweli kule Baghdad kabla hadithi hazijamteka na kumfanya wa kwao. Kwa hiyo kililiputi hakitatuvunja meno.

Shida yangu iko kwenye lile jibu. Kidogo sana, halafu basi? Swift hakuwa mtu wa kuhangaika kurasa zote zile ili atupe kisawe cha "kiduchu".

Tumtazame mfalme wa Lilliput. Amewazidi watumishi wake wote kimo kwa upana wa ukucha. Ukucha wa Gulliver! Kwa ajili ya ukucha huo, kila amwonaye anapaswa kutetemeka, na majina yake ya heshima yanamfanya kuwa furaha na kitisho cha ulimwengu mzima. Katika jumba lake, anayetaka cheo hapimwi elimu wala uadilifu. Kamba nyembamba hukazwa, akacheza juu yake, na arukaye juu zaidi bila kuanguka ndiye anayepewa wizara. Wengine huruka fimbo ya mfalme au kutambaa chini yake, na zawadi ni kipande cha uzi wa hariri wa kufunga kiunoni: wa buluu, mwekundu au wa kijani. Nishani za rangi hizo zilikuwa zikionekana vifuani mwa wakubwa wa London.

Kisha likaja yai. Lilliput na jirani yake Blefuscu wanapigana kwa sababu ya swali moja: yai la kuchemsha lipasuliwe upande upi, wa ncha nene au wa ncha nyembamba? Kitabu kinahesabu watu 11,000 waliokubali kufa kuliko kupasua ncha nyembamba. Gulliver anavuka mlangobahari kwa miguu, anazikokota kwa kamba manowari 50 za adui na kumletea mfalme. Mfalme anashangilia, halafu anataka Blefuscu yote iwe mkoa wake na watu wa huko wote wapasue ncha nyembamba. Gulliver anakataa kuwatia watu huru utumwani. Tangu siku hiyo hasamehewi. Hata alipouzima moto uliokuwa ukiteketeza makao ya malkia, alihesabiwa kosa, kwa vile aliuzima kwa maji yake mwenyewe, na kama uko mezani sasa hivi sitaeleza zaidi. Baraza likakaa likapitisha hukumu. Apofushwe macho, kisha apunguziwe chakula kidogo kidogo mpaka afe. Hiyo ndiyo iliitwa huruma.

Sasa niambie, hapo udogo uko wapi? Kwenye sentimita 15? Mimi nauona rohoni. Sisi mtu wa namna hiyo tunamwita mwenye roho ya korosho, na tazama ufundi wa waliobuni msemo huo: wamechukua kipimo cha punje wakakihamishia moyoni. Swift alifanya kile kile, akakivisha kofia na upanga, akakijengea mji wenye kuta.

Kamusi za Kiingereza zinazitambua maana zote mbili, udogo wa mwili na udogo wa fikra. Mtaani ya kwanza ndiyo iliyovuma, na hilo halishangazi, kwa sababu ni tamu na haimuumizi anayeitumia. Mwaka 1751 John Newbery, mchapishaji wa London, alitoa jarida la watoto akaliita kwa kivumishi hiki hiki. Waliliputi wakawa watoto wazuri wa kuvutia. Aliyeandikwa ili awachome wakubwa akageuzwa mwanasesere.

Kwingine utamu huo uligeuka shubiri. Mwaka 1904, katika bustani ya maonyesho ya Dreamland pale Coney Island, New York, ulijengwa mji mzima wa nusu kipimo ukaitwa Lilliputia. Watu wapatao 300 wenye kimo kifupi walikusanywa waishi humo, wakiwa na hata kikosi chao cha zimamoto, na watu warefu wakalipa kiingilio kuja kuwatazama wakiishi. Katika Kirusi na Kijerumani neno lililotoka Lilliput likawa jina la watu hao, nao wamelichoka. Leo kulitamka mbele yao ni kuwatukana. Tusiwacheke Warusi. Sisi tunalo "mbilikimo", neno ambalo ukilisikiliza utasikia kimo kikipimwa ndani yake, na tumewabandika Wambuti wa msitu wa Ituri kana kwamba hawakuwa na jina lao.

Kwa hiyo tukikiri kuwa kivumishi hiki kina makali mawili, ukali wa kwanza, ule wa mwili, ndio butu zaidi na ndio unaojeruhi wasiohusika. Ule wa pili unamkata aliyekusudiwa.

Waandishi wa habari waliuelewa ule wa pili mapema. Mwaka 1738 Bunge la Uingereza lilikaza marufuku ya kuchapisha mijadala yake. Jarida moja la London, The Gentleman's Magazine, likaja na ripoti mpya: mijadala ya baraza la Lilliput Kuu! Waziri Walpole akawa Walelop, na kila msomaji akajua. Miongoni mwa waliokuja kuziandika ripoti hizo alikuwa kijana asiye na fedha aitwaye Samuel Johnson, yule aliyetoa kamusi mashuhuri baadaye. Sheria ilikataza kusema Bunge limesema nini, ila haikukataza kusema Lilliput imesema nini.

Nikifika hapo, siwezi kuacha kumkumbuka Shaaban Robert. Mwaka 1951, chini ya wakoloni, naye akiwa mtumishi wa serikali hiyo hiyo, alitoa Kusadikika, nchi iliyo angani, ambako kijana Karama anashitakiwa na Waziri Majivuno kwa kosa la kutaka watu wajifunze sheria. Msomaji alikuwa huru kuamini kwamba nchi hiyo haipo. Safari za Gulliver zilikuwa zimeshaingia Kiswahili tangu 1932, kwa mkono wa Frederick Johnson, katibu wa kwanza wa ile Kamati ya Lugha ya Afrika Mashariki. Sisemi kwamba mmoja alimwiga mwingine. Nasema wote wawili walijua kwamba nchi ya kubuni ina mipaka ambayo askari wa mpakani haioni. Na Shaaban hakuishia kwenye jina la kigeni lisilo na maana kama Lilliput. Jina lake ni kitenzi, kusadiki, kilichotiwa -ika: nchi inayoweza kuaminiwa. Jina lenyewe linakukonyeza.

Nipite haraka kwenye matumizi mawili ambayo Swift asingeyaota. Madaktari wa akili wana jina "njozi za kililiputi", lililotolewa na Mfaransa Raoul Leroy mwaka 1909, kwa hali ya mtu kuona vijitu vikipita sakafuni mchana kweupe. Na kwenye kompyuta lile yai bado halijapoa. Tarehe 1 Aprili 1980 Danny Cohen aliandika waraka kuwaomba mafundi waache ugomvi. Namba ikihifadhiwa kwa vipande, kipande kipi kitangulie, kikubwa au kidogo? Kila kambi iliapa kwamba njia yake ndiyo ya haki. Cohen akawaita kwa majina ya wapasua mayai wa Swift, wa ncha nene na wa ncha nyembamba, na majina yakanasa. Wahandisi leo wanayatumia bila hata kutabasamu. Mimi nimetaja tarehe nikianza na siku, mwezi, kisha mwaka, ncha nyembamba mbele. Ningetaja bei ya shati ningeanza na maelfu. Hakuna aliyekufa.

Fundi mitambo ananionyesha saa, lakini nina la mwisho kuhusu ile safari ya pili, maana bila hiyo kivumishi hiki kinachechemea. Kule Brobdingnag Gulliver ndiye kijitu. Anabebwa ndani ya kisanduku, anapigana na nyigu kwa upanga, na anamsimulia mfalme jitu sifa za nchi yake na vita vyake, akitegemea kusifiwa. Mfalme anamsikiliza kwa upole, kisha anaona kwamba hawa ni vijidudu, na hasemi hivyo kwa sababu ya kimo. Yaani Mwingereza aliyewacheka Waliliputi kaambiwa kwamba yeye ndiye Mliliputi.

Hatimaye anarudi kwao. Miaka miwili kati ya majitu imemharibu macho. Njiani kila kitu anakiona kidogo, miti, ng'ombe, wapita njia, akidhani yuko Lilliput tena, na anawapigia watu kelele wampishe asije akawakanyaga; nusura wampasue kichwa. Mlangoni kwake anainama kama bata anayepita chini ya uzio, kwenye mlango ule ule aliotokea siku ya kuondoka. Mkewe anakuja mbio kumkumbatia, naye anainama hadi chini ya magoti ya mkewe, akiamini vinginevyo mama wa watu hatamfikia mdomo. Binti anapiga magoti kuomba baraka, baba hamwoni. Halafu, badala ya salamu, anamgombeza mke kwa ubahili: kwamba amejinyima chakula, yeye na bintiye, mpaka wamesinyaa wakaisha.