Ufunguo wa Kabati

Amri ya Rais Donald Trump kuhusu jinsi historia ya Marekani inavyosimuliwa ilitiwa sahihi Alhamisi, Machi 27, 2025. Kesho yake, Rais William Ruto akazindua Mpango wa Shirika, wa kugeuza kambi za Kakuma na Dadaab kuwa miji ya wakimbizi na wenyeji. Wasikilizaji wamezisikia habari zote mbili. Kinachokikosesha kituo hiki usingizi ni kabati.

Amri ya Trump imelitaja kwa jina jumba la makumbusho ya historia ya Wamarekani Weusi, lililofunguliwa Washington mwaka 2016. Miongoni mwa wasomi walioliwekea msingi ni mwanahistoria John Hope Franklin, aliyefariki mwaka 2009. Mwaka 1939, Franklin alibisha hodi kwenye hifadhi ya nyaraka ya North Carolina. Mweusi haketi na Wazungu, kwa hiyo akatengewa chumba. Mhudumu Mzungu hamtumikii Mweusi, kwa hiyo akapewa ufunguo ajitafutie mwenyewe. Wasomaji Wazungu wakalalamika kwamba anapendelewa, na ufunguo ukachukuliwa. Hakuacha kusoma. Mwaka 1947 akachapisha From Slavery to Freedom, na baadaye akawasaidia mawakili waliobomoa ubaguzi wa shule mahakamani mwaka 1954.

Turkana nayo ina kabati lake.

Mtoto wa Lokitaung huambiwa kwao kumebaki nyuma kwa sababu ya jua. Haambiwi habari za 1918, askari wa mkoloni walipopita na msafara wa Labur wakiswaga mifugo ya watu kwa maelfu. Haambiwi habari za sheria ya 1934, iliyoruhusu jamii nzima kuadhibiwa kwa kosa la wachache. Wilaya ilifungwa, mtu akaingia na kutoka kwa kibali. Ndiyo maana mkoloni aliona Lodwar panafaa kumzuilia Jomo Kenyatta mwaka 1959. Uhuru ukaja, na Waraka wa Serikali Namba 10 wa 1965 ukaelekeza fedha kwenye ardhi yenye mvua na rutuba. Mpaka leo, anayepanda basi kwenda Kitale husema anakwenda Kenya.

Haya yameandikwa. Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ilimkabidhi Rais Uhuru Kenyatta ripoti yake Mei 21, 2013. Bunge halijaipitisha. Ripoti iko kabatini.

Na Kakuma? Mkimbizi bado anatafuta kibali ili atoke kambini, kama Mturkana wa zamani. Vijana wa Sudan Kusini, takriban 3,800, waliosafirishwa kwenda Marekani mwanzoni mwa miaka ya 2000, wengi wao kutoka Kakuma, waliondoka wakiwa Wadinka na Wanuer. Walipotua kule wakaitwa Weusi, basi, na uzito wote wa neno hilo ukawaangukia mabegani. Nani angewaeleza uzito huo umetoka wapi, kama si wanahistoria wa aina ya Franklin? Mpango wa Shirika unataka majirani wajenge mji mmoja. Watajengaje, kila mmoja akiwa hajui kibali cha mwenzake kilianza lini, na ripoti iko kabatini?

Wabunge wa Turkana, iulizieni ripoti hiyo bungeni, na mkijibiwa subirini, ulizeni tena. Walimu, wafundisheni watoto mwaka 1918 kama mnavyowafundisha 1963. Wazee waliosikia habari za Labur kutoka kwa waliokuwapo wanabaki wachache kila kiangazi. Kijana mwenye simu, usingoje kituo hiki. Keti na babu yako jioni hii, umuulize, umrekodi.