Kumbukumbu za Wanajeshi wa Kiingereza na Mashahidi Wasioitwa

Ndugu wasikilizaji, na hasa ninyi makamanda na wapiganaji wa majeshi ya ulinzi, pamoja na askari wa polisi mlioko vituoni na mipakani: mazungumzo yetu ya leo kuhusu nchi jirani yanaanzia katika mji wa Mbala, kaskazini mwa Zambia. Wakati wa ukoloni mji huo uliitwa Abercorn. Hapo ndipo Jenerali Paul von Lettow-Vorbeck, kamanda wa jeshi la Wajerumani katika Afrika Mashariki, aliposalimisha silaha kwa Waingereza tarehe 25 Novemba 1918. Huko Ulaya mizinga ilikuwa imekwisha nyamaza wiki mbili kabla, tarehe 11 Novemba. Kwa muda wa miaka minne na ushei vita hivyo vilipita Kenya, Tanganyika, Msumbiji, Malawi na Zambia, vikakanyaga mashamba ya watu wasiokuwa na ugomvi wowote na Mjerumani wala na Mwingereza.

Habari za vita hivyo, na za vile vya pili vya mwaka 1939 hadi 1945, zimetufikia kwa sehemu kubwa kupitia vitabu vya kumbukumbu vilivyoandikwa na wanajeshi wa Kiingereza. Je, askari wa leo avisome namna gani vitabu hivyo? Wako wanaovitupa kwa sababu mwandishi alikuwa mkoloni, na wako wanaovipokea kama msahafu kwa sababu vimepigwa chapa London. Ninyi mliofunzwa kazi ya upelelezi mnayo njia iliyo bora kuliko hizo mbili. Visomeni kama msomavyo maelezo ya shahidi. Ulizeni kwanza kama shahidi alikuwapo, na aliandika lini. Kisha ulizeni kama husema kweli hata pale inapomwumiza yeye mwenyewe. Mwisho ulizeni ni shahidi gani mwingine aliyekuwapo na hakuitwa.

Tuanze na kuwapo. Wahenga walisema, aisifuye mvua imemnyea. Francis Brett Young alikuwa daktari katika jeshi la Kiingereza. Mwaka 1916 alifuatana na kikosi cha Jenerali Smuts kilichoshuka kutoka upande wa Kilimanjaro kwa kuandama mto Pangani, na kitabu chake kilitoka mwaka uliofuata, 1917, vita vikiwa bado havijaisha. Mtu huyu mvua ilimnyea. Aliyoyaandika ni yale ambayo daktari huyaona: kiu, vumbi, homa ya malaria, tumbo la kuhara damu, na jeshi linaloyeyuka kwa maradhi kabla ya kumwona adui. Jina la kitabu chake lataja safari ya kwenda Tanga, lakini safari anayoisimulia iligeukia Handeni. Shahidi wa namna hii husaidia, maana aliandika jambo likiwa bado bichi.

Sasa mtazameni shahidi wa aina nyingine. Richard Meinertzhagen alikuwa ofisa wa upelelezi katika kikosi cha Kiingereza kilichoshuka Tanga mapema mwezi Novemba 1914. Katika mapigano yale askari wapatao 8,000 walioletwa kutoka India walishindwa na kikosi cha Lettow-Vorbeck cha watu wapatao 1,000. Kabla ya kushuka, manowari ya Kiingereza ilikuwa imeingia bandarini kutoa taarifa kwamba mapatano ya kutoishambulia Tanga yamevunjwa. Kwa hiyo Mjerumani alipata nafasi ya kuleta askari kwa reli kutoka Moshi. Meinertzhagen alichapisha shajara yake ya kijeshi mwaka 1960, miaka arobaini na sita baada ya Tanga. Ndani yake humo yeye ndiye mwenye akili, na wakubwa wake ndio wapumbavu. Kwa muda mrefu waandishi wa historia waliinakili bila kuuliza.

Baadaye yakafichuka mengine. Meinertzhagen alisifika pia kuwa mjuzi wa ndege, na katika miaka ya 1990 wataalamu walithibitisha kwamba baadhi ya ndege waliokaushwa aliojidai kuwakusanya mwenyewe waliibwa katika makumbusho, wakabandikwa vibandiko vya uongo. Waliochunguza shajara zake nao walikuta dalili za kurasa zilizopigwa chapa upya miaka ya baadaye. Njia ya mwongo ni fupi, ingawa hii ilichukua miaka mingi kukatika. Ndugu zetu wa Kenya wanalikumbuka jina lake kwa sababu nyingine. Mwaka 1905, huko Nandi, yeye ndiye aliyemwua Koitalel arap Samoei, kiongozi wa Wanandi, katika mkutano ulioitwa kuwa wa mapatano. Mabaraza ya kijeshi yalimwondolea lawama, kisha akahamishwa kutoka koloni ile. Je, tukio hilo twapaswa kulijua kwa kalamu yake peke yake?

Swali la pili ni la shahidi anayejisema. Mwamba ngoma ngozi huivuta kwake, na majenerali wengi waandikapo huivuta hadi ikakaribia kupasuka. Jemadari William Slim alikuwa tofauti. Mwezi Novemba 1940 aliongoza brigedi iliyoshambulia Gallabat, mpakani mwa Sudan na Ethiopia, dhidi ya Waitaliano. Shambulio halikufika mbali. Katika kitabu alichokitoa mwaka 1959 Slim alieleza kwamba njia mbili zilikuwa wazi mbele yake, naye kwa hofu akachagua ile ya tahadhari, ilhali ile ya ujasiri ndiyo iliyofaa. Hakuna aliyemlazimisha kuyasema hayo. Wakati huo alikuwa amekwisha fikia cheo cha juu kabisa katika jeshi lao.

Slim huyo huyo aliliongoza jeshi lililorudi nyuma kutoka Burma mwaka 1942, mwendo wa karibu maili 1,000, kisha akaliongoza jeshi lililorudi kushinda. Kitabu chake cha mwaka 1956 juu ya vita hivyo kinaeleza kushindwa kwa kinaganaga kama kinavyoeleza ushindi. Humo mna jambo moja linalomfaa kila kamanda. Mwaka 1943, kwa kila askari mmoja aliyeondolewa mstari wa mbele kwa jeraha, 120 waliondolewa kwa ugonjwa. Slim hakumsingizia adui wala mbu. Aliamuru vidonge vya kinga ya malaria vimezwe mbele ya maofisa, akapima damu za askari kwa ghafla, na makamanda watatu waliozembea akawaondoa kazini. Maradhi yakapungua mno. Kamanda anayesoma habari hiyo hupata mafunzo kwa sababu mwandishi hakuificha aibu iliyotangulia.

Na sasa, ndugu wasikilizaji, swali la tatu, ambalo ndilo zito kuliko yote. Katika Vita vya Kwanza, vitabu vya maofisa huhesabu mizinga, farasi na bunduki. Vitu hivyo havikutembea vyenyewe. Mbung'o waliua farasi na ng'ombe wa kukokota, barabara zikawa tope, na kila gunia la unga na kila sanduku la risasi likaishia kichwani mwa mpagazi. Waingereza walitumia wapagazi wapatao milioni moja, waliochukuliwa Kenya, Uganda, Malawi, Tanganyika na kwingineko, wengi wao kwa nguvu. Inakadiriwa kuwa karibu 100,000 walikufa, zaidi kwa njaa na maradhi kuliko kwa risasi. Jina la kikosi chao limebaki katika Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi. Watu hupita hapo kila siku wakinunua mboga na nguo, pasipo kujua kwamba wanalitaja jeshi la wafu.

Katika vitabu vya maofisa mpagazi huonekana kama mstari mrefu wa vichwa na mizigo. Aghalabu hana jina, hana kijiji, hana mke anayemngoja. Kutokana na macho ya namna hiyo ndipo ulipotoka uamuzi wa wakubwa wa makaburi. Mwezi Aprili 2021, Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilitoa taarifa ikikiri kwamba watu wasiopungua 116,000, na huenda wakafika 350,000, waliokufa katika utumishi wa dola ile, wengi wao Waafrika na Wamisri, hawakukumbukwa kwa majina, au hawakukumbukwa kabisa. Sanamu ya Askari iliyosimamishwa katikati ya Dar es Salaam mwaka 1927 imewakilisha wengi, bila ya jina la hata mmoja.

Katika Vita vya Pili mashahidi wetu walianza kujiita wenyewe. Askari wa Keya kutoka nchi zetu walipigana Burma, na Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki ilipita bonde la Kabaw katika mvua za mwaka 1944 hadi mto Chindwin. Gerald Hanley, ofisa aliyekuwa pamoja nao, aliwaandikia kitabu mwaka 1946. Mwaka huo huo Robert Kakembo wa Uganda alitoa kijitabu chake, akieleza yale ambayo askari wa Kiafrika alitazamia baada ya vita. Mwaka 1967 Waruhiu Itote wa Kenya, aliyepigana Burma na baadaye akawa kiongozi wa wapiganaji msituni, alitoa kumbukumbu zake. Anasimulia humo jinsi askari mmoja wa Kiingereza alivyomwuliza, katikati ya vita, Mwafrika anapigania nini. Mwingereza yule alijua kwamba yeye anailinda nchi yake. Swali hilo lilimfuata Itote hadi nyumbani, na ofisa wa Kiingereza asingeweza kutuandikia yaliyopita moyoni mwake.

Ndugu wapiganaji na askari, haya yanahusu kazi yenu ya kila siku. Shajara ya kikosi na kitabu cha matukio kituoni ni kumbukumbu zitakazosomwa mtakapokuwa hampo. Andikeni jambo siku ile ile lililotokea. Andikeni na lile lililokwenda kombo kwa amri yenu. Dereva, mpishi, mchukuzi, mwanakijiji aliyewaonyesha kivuko, andikeni jina lake na mahali atokako. Huko Mbala siku ya kuhesabu bunduki palikuwapo karani wa kuzihesabu. Wapagazi waliozibeba hadi pale walikuwa na majina pia, nayo yangeweza kuandikwa kwa wino ule ule.