Kwa Nini Mwaka Huu Tunachangia Kamera



Wengi mmetuuliza: zahanati na madawati tunayaelewa, kamera ya nini? Sisi wa kamati tunajibu kwa habari za mtu mmoja.

Alan Villiers alizaliwa Melbourne, Australia, mwaka 1903, akaingia ubaharia akiwa kijana mdogo. Mwaka 1929 yeye na rafiki yake Ronald Walker walipanda meli ya matanga Grace Harwar, wakafanya kazi humo huku wakipiga picha za sinema, kwa kuwa waliona meli za namna ile zinakwisha. Safarini Walker aliangukiwa na foromali, akafa. Villiers aliendelea na kazi ya kamera peke yake, na filamu ikapatikana.

Disemba 1938 alipanda jahazi la Kuwait huko Aden, chini ya Nahodha Ali bin Nasir al-Nejdi. Kwa upepo wa kaskazi waliteremka hadi Mombasa na Unguja, kisha wakaingia kwetu Rufiji kupakia boriti za mikoko. Uarabuni miti ni adimu, na boriti zetu ndizo zilizobeba mapaa ya nyumba zao. Kusi ilipovuma walirudi, wakafika Kuwait mwaka 1939. Kitabu chake, Sons of Sindbad, kilitoka mwaka 1940, na picha zake zinatunzwa katika jumba la makumbusho ya bahari, Greenwich, Uingereza.

Tunamshukuru. Alikaa na mabaharia miezi kadhaa, akala chakula chao, ndiyo maana picha zake zina uhai. Lakini alitazama akiwa upande wa jahazi. Upande wa matopeni ni wetu: nani alikata mkoko, nani alihesabu korija, mama zetu waliishije siku za kambi, na ni nyimbo zipi zilizopakia mzigo. Hayo yamo vifuani mwa wazee wetu, na kila mwaka tunawazika baadhi yao.

Ndugu zetu, jahazi likioza fundi huunda jingine. Mzee akiondoka na habari zake, hakuna fundi wa kuzirudisha.

Basi tunaomba mchango wa kamera moja, kinasa sauti, mafuta ya boti ya kufika Salale, Mbwera na vijiji vingine, na mafunzo ya vijana wetu wenyewe. Hakuna mzee atakayerekodiwa bila ridhaa yake. Nakala moja itabaki kwa familia yake, nyingine shuleni kijijini, ili mtoto wa delta asilazimike kwenda Greenwich kumtafuta babu yake.

Haba na haba hujaza kibaba.